Maswali yenu: kuizunguka Dar kwa baiskeli na kula njiani

Wiki hii barua na meseji nyingi zimeangukia jambo moja, hizi tripu za baiskeli za mjini, zile mnazopewa baiskeli na mwongozaji mnapita mitaani mnasikia historia na mnakula kila mnaposimama. Nimechagua maswali matano. Mengine yanafanana na haya, kwaiyo ukikuta la mwenzio limekujibu nisamehe bure.

Shikamoo anti. Niko Dodoma, mwezi ujao nakuja Dar likizo na binamu zangu wawili. Tunatamani kuzunguka mji kwa baiskeli na mwongozaji ila kila tukisema tunaambiwa hayo mambo ya wazungu, mswahili gani analipia kuonyeshwa Kariakoo. Kweli inatufaa? Na tupite wapi, tule nini?

Marahaba mwanangu, karibuni sana Dar. Nendeni. Na huyo anayesema ni mambo ya wazungu muulizeni tu yule askari wa shaba pale Samora amewekwa kwa ajili ya nani, watu wanampita kila siku wamebanana kwenye daladala na hawajawahi kushuka kumwangalia usoni. Kwenye gari unapitishwa tu, kwa miguu jua linakumaliza kabla hujafika mbali, baiskeli unaenda umbali wa maana na bado ukisikia harufu ya vitumbua unashika breki.

Sasa nisikilize vizuri hapa maana ndo jambo ninalolisema kwa kila anayeniuliza. Msipange tripu kwa majengo, pangeni kwa saa za vyakula. Makanisa na makumbusho yapo asubuhi yapo mchana, ila Dar kila chakula kina saa yake, supu ina saa yake, kahawa ina saa yake, mihogo ina saa yake, ukichelewa unakuta mama anafunga sufuria na unaambulia soda. Vikundi vingi naona vinatoka saa tatu saa nne jua likiwa kali, wanaenda kuangalia kuta, wanafika mtaani chakula cha asubuhi kimeisha na cha mchana hakijaiva, afu wanapelekwa hotelini kula baga. Kinaniuma sana kile.

Kwaiyo ombeni kuanza saa kumi na mbili na nusu asubuhi, Jumapili, barabara ziko wazi. Anzieni upande wa Kariakoo. Hapo simameni kwa mama wa vitumbua na msinunue mkakimbia, simameni mwone. Ana kile kikaango cha chuma chenye vishimo, anatia mafuta kidogo kila kishimo, anamimina ule uji wa mchele na nazi aliouacha uumuke, iliki inasikika hadi barabarani, ukingo ukianza kukauka anapitisha kijiti anageuza kimoja kimoja kwa mzunguko ule ule alioanza nao, huku anawahudumia watu watatu na kurudisha chenji. Kula kikiwa cha moto hata kikikuunguza kidogo. Ukitaka kizito zaidi kuna supu na chapati, ndimu nyingi, pilipili kwa tahadhari.

Baada ya hapo kahawa. Tafuteni benchi la wazee, lile lenye birika juu ya makaa na vikombe vidogo vya kushikwa kwa vidole viwili, kahawa chungu haina sukari, utamu unatoka kwenye kashata. Bei ni sarafu tu. Na hapo ndo mwongozaji mzuri anajulikana, atawakalisha robo saa bila kuongea sana, maana benchi lenyewe linaongea. Kariakoo ndo nyumbani kwa Yanga iliyoanza 1935 na Simba iliyoanza 1936, na klabu zote mbili ziko mwendo mfupi tu kutoka hapo, kwaiyo msitegemee mazungumzo ya kitu kingine.

Mkishapata nguvu piteni Soko Kuu. Lile jengo lenye miamvuli ya zege juu lilichorwa na Beda Amuli, msanifu wetu wenyewe Mtanzania, likafunguliwa 1975, na ndo lile lililoungua Julai 2021 mkaona kwenye habari. Mwongozaji akilipita bila kumtaja Amuli mwambieni arudi. Afu mwambieni awaeleze habari ya wapagazi. Wakati wa Vita ya Kwanza ya Dunia, Mwingereza aliwaweka wapagazi wa jeshi lake kambini hapo hapo Kariakoo, watu waliobeba mizigo ya vita kichwani, wengi hawakurudi kwao. Shikeni hilo kichwani, mtalihitaji baadaye kidogo.

Tokeni kwa Mtaa wa Uhuru, kwenye maduka ya kanga na vitenge, Jumapili mengi yamefungwa lakini sawa, mnapita kwa raha. Mnafika Mnazi Mmoja, na jirani hapo Mtaa wa Lumumba ndipo TANU, chama kilichodai uhuru, ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954. Afu nyooka na Samora mpaka kwa huyo Askari. Sanamu iliwekwa 1927, kabla yake palikuwa na sanamu ya Mjerumani, von Wissmann, Waingereza wakaiondoa walipouteka mji 1916. Na huyu wa sasa yupo kwa ajili ya askari wa Kiafrika na wapagazi wale wale wa Kariakoo. Someni Kiswahili kilichoandikwa pale chini. Ukiwa umetoka kunywa kahawa mahali walipokuwa wamepanga hema zao, baiskeli imeegemea mguuni kwako, maneno yale yanakuingia tofauti kabisa, mimi yananiliza mpaka leo.

Teremkeni baharini, Kanisa la Azania Front na St. Joseph yote ya wakati wa Mjerumani, yalianza kujengwa mwishoni mwa miaka ya 1890. Msikae sana. Kinachowaita ni Feri, soko la samaki, mfike mnada ukiwa bado umechangamka. Samaki wamemwagwa mezani kwa mafungu, dalali anapandisha bei kwa sauti moja isiyopumua, wachuuzi wanainua vidole, dakika mbili fungu limepata mwenyewe na liko kwenye ndoo nyuma ya baiskeli linaelekea Ilala au Temeke. Angalieni hizo baiskeli! Nyingi ni Phoenix za chuma, zimeongezewa karia ya nondo nyuma, zinabeba ndoo mbili na barafu na mtu juu yake. Hao ndo waendesha baiskeli wa kweli wa mji huu pamoja na wauza madafu, na mkiwapisha njia mnawapa heshima yao. Upande wa wakaangaji chagueni samaki wenu, wakaangiwe mkiona, na ndimu na chumvi basi.

Kitu kimoja muhimu, mkitoka Feri mnapita jirani na Ikulu. Simu mfukoni, msisimame, msipige picha. Mkishavuka hapo mko Barabara ya Barack Obama, bahari kulia, upepo mzuri. Mwenye hamu ya historia akate kushoto aende Bustani ya Mimea iliyoanza 1893 na Makumbusho ya Taifa pale Mtaa wa Shaaban Robert, fuvu la Zinjanthropus, yule zamadamu, lililopatikana Olduvai 1959 ni hazina ya makumbusho hayo. Mwenye miguu aendelee mpaka Daraja la Tanzanite, lina urefu wa kilomita moja na kidogo juu ya maji, lilifunguliwa 2022, mnatokea upande wa Coco Beach. Ila mihogo ya Coco ni ya jioni jamani, msiende kuilaumu saa nne asubuhi. Rudini saa kumi na moja mle mihogo ya kukaanga na chachandu na mishikaki, hapo Coco ndo inakuwa Coco.

Na kama baiskeli zimewafikisha Oysterbay msiache kupita kwa wachoraji wa Tingatinga. Edward Saidi Tingatinga alianza kuchora mwishoni mwa miaka ya 60 akauza kazi zake nje ya duka hapo Morogoro Stores, alifariki 1972, na wanafunzi na ndugu zake wakaendeleza mpaka ushirika wao ukasajiliwa. Alichora kwenye vipande vya hadibodi kwa rangi ya mafuta inayong'aa, ile ile ya kupaka baiskeli. Gusa fremu ya baiskeli yako afu angalia yule tembo wa bluu ukutani.

Habari dada. Mi mama wa watoto watatu niko Tabata, nimetamani kwenda na mashoga zangu ila mara ya mwisho kupanda baiskeli nilikuwa shule ya msingi, na sisi tunavaa madera na hijabu, na mume wangu anasema barabara za Dar zitaniua. Nifanyeje?

Salama mama yangu, na mume wako hajakosea kuogopa kwaiyo usigombane nae, mpunguzie hofu. Kwanza siku, Jumapili asubuhi mapema, hilo nimeshasema. Pili muulize mwandaaji maswali haya kabla hujalipa: wanapita barabara gani, kuna mtu anayekaa mbele na mwingine anayekaa nyuma kabisa ya kundi, helmeti zipo na zinabana kichwani au zinacheza cheza, na mtu akipata pancha nani anaziba. Akianza kubabaika hapo tafuta mwingine.

Kwenye barabara shida kubwa sio malori kama watu wanavyodhani, ni daladala na bajaji na boda. Daladala inakata kushoto ghafla kituoni, hapo usijaribu kuipita kwa kushoto hata ikiwa imesimama, abiria anaruka. Usiendeshe kwa kuunganisha na mwenzio mkipiga stori, nendeni mstari mmoja, stori mtapiga kwenye kahawa. Na kwenye njia ya mwendokasi msiingie kabisa, hata ikionekana tupu na laini inakuita, basi lake linakuja kwa kasi na ile njia sio yenu.

Kuhusu nguo, dera halizuii kitu. Omba baiskeli ya kike, ile isiyo na bomba la juu, na hakikisha cheni ina kava. Ndani vaa suruali au taiti, dera lipandishe kidogo ulifunge na mkanda au kipande cha kanga kiunoni, upindo usifike kwenye cheni wala spoki. Hijabu ya kuvuta kichwani inakaa vizuri chini ya helmeti, yenye pini pembeni inachoma. Siti ishushwe mpaka miguu yote miwili iguse chini, ukishazoea ndo mnapandisha.

Na hilo la tangu shule ya msingi lisikutishe, mwili unakumbuka, ila usikumbukie Morogoro Road. Chukueni baiskeli Jumamosi jioni mzunguke uwanja wowote wa mtaani kwenu, mjifunze kuachia mkono mmoja kuonyesha unakata wapi na kushika breki zote mbili pamoja. Watoto wasimame pembeni wawashangilie, watafurahi kuliko nyie.

Tumbo sasa maana najua utauliza. Kula kinachotoka motoni ukikiona, epuka kachumbari iliyokaa wazi, na badala ya kila mtu kuagiza sahani yake agizeni moja mgawane watatu, vituo viko vingi mtashiba kabla hamjafika Feri. Kiu ikiwabana kuna madafu, muuzaji anakata kwa panga hapo hapo, ukimaliza maji mrudishie alipasue na akuchongee kijiko kwa ganda lake ule ile nyama laini.

Mwanangu, mimi ni mzee wa Magomeni. Hizi baiskeli zinapita mtaani kwetu, wageni na siku hizi vijana wetu pia, wanapiga picha watoto, wanapiga picha wake zetu wako na sufuria wamejifunga khanga moja, hawasalimii, hawanunui hata andazi. Andika na hilo.

Shikamoo mzee wangu. Naliandika, na naliandika kwa herufi kubwa moyoni mwangu.

Mnaoenda tripu, msikieni mzee. Uani ni ndani ya nyumba ya mtu hata kama hauna mlango. Ukifika mtaani shuka kwenye baiskeli, salimia, shikamoo kwa mkubwa na habari kwa wa rika lako, nunua kitu kwanza, kaa ule, mkiongea mkizoeana ndo uombe picha na ukikataliwa unasema asante mama basi yameisha. Watoto hawapigwi picha bila mzazi. Kama kundi ni la watu kumi na tano hilo sio kundi la kuingia uchochoroni, lipite barabara kubwa au ligawanywe.

Na waandaaji, mama ntilie sio mandhari. Mpeni taarifa jana yake mtakuja watu wangapi ili aloweke mchele wa kutosha, mlipeni bei yake bila kumpunja, na sehemu ya pesa ya tripu ionekane mtaani, kwa fundi baiskeli wa kona, kwa muuza kahawa, kwa kijana wa mtaa huo huo awe ndo mwongozaji wa kipande hicho. Mzee, na nyie mna haki ya kumsimamisha mwongozaji na kumwambia mtaa wetu una utaratibu huu na huu, mwenyekiti wa serikali ya mtaa yupo kwa kazi iyo. Halafu Magomeni yenu ina nyumba aliyoishi Mwalimu Nyerere, ingekuwa vizuri kikundi kikifika pale kimkute mmoja wenu wazee anasimulia mtaa ulikuwaje siku zile, na alipwe kwa muda wake kama anavyolipwa yeyote.

Anti mambo, mi kijana wa Buguruni, naijua Dar uchochoro kwa uchochoro na nina baiskeli. Nataka kuwa mwongozaji wa hizi tripu. Naanzaje?

Poa mwanangu, na nimefurahi. Kujua uchochoro ni mwanzo mzuri ila haitoshi. Kuongoza watalii kwa malipo kunataka leseni, iko chini ya Wizara ya Maliasili na Utalii, nenda uulize vigezo vya sasa na ada kabla hujachapisha bango, na wengi wanaanzia kwa kuajiriwa na kampuni yenye leseni tayari, wanajifunza kazi humo.

Jifunze mambo matatu kwa mikono yako. Kuziba pancha kwa dakika chache na kurudisha cheni iliyotoka, maana mgeni akikaa juani nusu saa tripu imekufa. Huduma ya kwanza, angalau kidonda, kizunguzungu cha jua na mtu kupaliwa na mfupa wa samaki. Na historia, hapo nakuomba usiokoteze ya vijiweni tu. Nenda Makumbusho, nenda maktaba, kaa na wazee tofauti wakupe kila mmoja yake uzilinganishe. Mji huu ulikuwa kijiji cha Mzizima kabla Sultani Majid wa Zanzibar hajaanza kujenga miaka ya 1860, ukishika uzi huo wa Mzizima, Majid, Mjerumani, Mwingereza, TANU, kila kona ya njia yako itapata mahali pa kukaa.

Afu kaa chini uchore saa yako ya vyakula ya Buguruni. Nani anauza nini, anaanza saa ngapi, anamaliza saa ngapi, siku gani hayupo. Hiyo karatasi hakuna kampuni ya mjini inayo, na ndo itakayokupa kazi. Na ujue kiasi gani cha kuongea, mtu akiwa anatafuna muache atafune.

Asalaam aleikum. Niko Muscat, wazazi wangu wa Zanzibar, nakuja na wanangu wanaosikia Kiswahili kidogo tu. Huko Unguja kuna uwezekano wa kuzunguka kwa baiskeli na kuonja vyakula? Huenda tukaangukia Ramadhani.

Waaleikum salaam warahmatullah ndugu yangu, karibuni nyumbani. Uwezekano upo na njia yenu nyie ina maana ya peke yake. Ndani ya Mji Mkongwe vichochoro ni vyembamba na vespa zinatokea bila hodi, kwaiyo humo tembeeni kwa miguu. Baiskeli chukueni asubuhi mfuate barabara ya Bububu kaskazini ya mji, magofu ya kasri la Maruhubi alilojenga Sultani Barghash, na mbele kidogo Mtoni, kasri la Seyyid Said aliyehamisha makao yake kutoka huko huko Muscat kuja Unguja. Bibi Salme, binti yake Seyyid Said, alizaliwa hapo Mtoni 1844. Na Majid niliyemtaja juu, aliyeanza kuijenga Dar, ni mtoto wa huyo huyo Seyyid Said. Wanao wakitoka Muscat wakasimama Mtoni wakisikia hayo kwa Kiswahili cha polepole, watashika.

Ikiwa sio Ramadhani, rudini mjini kwa urojo, ule mchuzi wa ukwaju na embe wenye viazi, bajia na kachori, afu soko la Darajani mnunulie viungo vya nyumbani.

Ikiwa Ramadhani geuzeni saa zote. Mchana Unguja chakula cha wazi hakipo na kula barabarani ni kuwavunjia watu heshima, na kuendesha juani umefunga ni kujitesa, watoto ndo kabisa. Tokeni baada ya alasiri jua likishalegea, mwendo mfupi tu, baiskeli zirudishwe kabla ya adhana ya magharibi. Futari kama mna ndugu futuruni kwa ndugu, muhogo wa nazi, tambi, uji wa pilipili manga, hivyo havina mfano wake mgahawani. Baada ya tarawehe mnateremka bustani ya Forodhani kwa miguu, mezani kuna pweza, mishikaki, zanzibar piza na juisi ya miwa yenye tangawizi na ndimu. Uliza bei ya kila kijiti kabla hakijawekwa kwenye moto, na ukiuliza kwa Kiswahili utapewa bei ya Kiswahili.